Matarumbeta ya Thornlaw Hayashuki

Huyo aliyeandika gazetini kwamba bendi ya Thornlaw inapiga kombo, aje alisemee hapa, mbele ya watu, tumwone uso. Hatakuja. Watu wa namna ile hawaji. Huandika wakalipwa, kisha hao wakaenda zao. Lakini Cuthbert Raine, kiongozi wa bendi yetu, alikuwa hai siku gazeti lile lilipofika, na kikombe alichokuwa ameshika kilikwenda ukutani. Kilikuwa kikombe cha harusi, na mkewe Hetty hakumsemesha mpaka Jumapili.

"Kombo!" Cuthbert aliuambia ukuta. "Miaka arobaini na tano napuliza tarumbeta la baba yangu, leo naambiwa kombo!"

Wimbo wenyewe uliosemwa gazetini dunia nzima inaupenda. Ukiwekwa redioni watu wanafunga macho, wanatikisa vichwa, wengine wanalia kabisa. Lakini ugomvi uliouzaa hawaujui, na wanaousimulia wanausimulia vibaya, eti kijana mmoja mwenye kipaji aliota ndoto akaamka na gitaa. Ndoto gani? Wimbo ule ulitoka kwenye ukumbi wetu wa wachimba makaa, na nusura usitoke kabisa.

Cuthbert alizaliwa Mtaa wa Tatu, Thornlaw, Durham, mwaka 1912. Mwezi Machi mwaka 1923, siku ya Jumanne, alikuwa darasani akiandika hesabu alipoona wino unatikisika kwenye kidau. Mwalimu akanyamaza. Halafu king'ora cha mgodi kikalia, na kina mama wakatoka mbio majumbani na aproni zao. Gesi ilikuwa imelipuka chini, ikaua wanaume ishirini na wanne. Ned Raine, babake Cuthbert, alikuwa mmoja wao.

Wakubwa wa mgodi walitaka kujenga sanamu. Wajane wakakataa katakata. Sanamu ya nini, walisema, njiwa wapate pa kunyea? Waume zao wengi walikuwa watu wa bendi, basi wao walitaka matarumbeta. Yakanunuliwa ishirini na manne, mapya, na kwenye mdomo wa kila moja fundi akachonga jina la marehemu mmoja. Tangu siku hiyo kwetu hapa tarumbeta haliitwi tarumbeta. Linaitwa kwa jina lake. Utasikia mtu anauliza, "Joseph yuko wapi?" au, "Mpake Ned mafuta, anakwama." Na wakati wa kupiga, yale yasiyo na mpigaji hulazwa kwenye viti vyao, kila moja mahali pake, maana wenyewe nao wapo.

Cuthbert alikabidhiwa Ned akiwa na miaka kumi na minne, wiki ileile aliyoshuka mgodini kwa mara ya kwanza. Ned ni tarumbeta kubwa la sauti nene, unalipakata kama mtoto. Alilipuliza mpaka akawa kiongozi wa bendi, akipiga na kuongoza kwa nyusi, kwa kuwa mikono ilikuwa na kazi. Alikaa chini ya ardhi miaka arobaini na moja. Mgodi ulipofungwa mwaka 1967 alitoka na saa ya ukutani, na kifua kinachopiga mluzi kila akivuta pumzi. Alikuwa na bustani ya liki nyuma ya nyumba, mboga za jamii ya vitunguu, nene kama mkono wa mtu, na ole wako ukizigusa. Alikuwa na hasira za karibu pia. Sisi tulizizoea.

Sasa kuna jambo moja ni lazima lieleweke. Matarumbeta ya zamani, ya nchi nzima, yalitengenezwa yapige juu kidogo kuliko piano na magitaa. Kidogo tu, lakini sikio linajua. Miaka ya sitini mabendi makubwa yalikata shauri kushuka, yafanane na wengine. Yakauza ya zamani yakanunua mapya. Thornlaw ikaletewa barua: nanyi shukeni. Cuthbert aliisoma mbele ya bendi, akaikunja.

"Wanataka tumuuze Ned," alisema. "Tumuuze Joseph. Tununue mabati yasiyo na jina."

"Tuwajibu nini?" mmoja akauliza.

"Tutawajibu kwamba Thornlaw hatushuki."

Ndiyo ikawa basi. Hata piano ya ukumbini Cuthbert alikuwa ameipandisha mwenyewe kwa ufunguo wa fundi, zamani kabla ya vita, ikawa sawa na matarumbeta. Watoto wote wa Thornlaw walijifunza nyimbo kwenye piano ile. Walikua wakidhani dunia nzima iko kwenye sauti ile.

Mmoja wa watoto hao alikuwa Keith Lowes. Babu yake, Joseph Lowes, ni mmoja wa wale ishirini na wanne, na Keith alifundishwa na Cuthbert kupiga Joseph, tarumbeta dogo la mbele. Alikuwa na midomo mizuri, Cuthbert alisema, midomo ya Mungu. Basi alipofika miaka kumi na sita akamlaza Joseph kwenye kiti, akanunua gitaa la umeme, akafuga nywele, akaenda London. Cuthbert alikasirika miaka minane. Huko London Keith na wenzake watatu wakaanza kusikika redioni, na kila wimbo wao ulipopigwa Cuthbert alizima redio, kisha akangoja Hetty atoke jikoni ndipo aiwashe tena.

Majira ya kuchipua ya mwaka 1971, Keith alibisha hodi. Hetty alimtazama kuanzia juu mpaka chini.

"Keith mwanangu, kinyozi wa London amekufa?"

"Yupo, mama. Ila hatujajuana."

"Ingia ule. Umekonda kama mpini wa ufagio."

Akala nyama ya nguruwe na dengu za kusaga, akala tena, huku Cuthbert amekaa kwenye kiti chake, anasoma gazeti aliloshika juu chini. Mwishowe Keith alitoa karatasi mfukoni. Alikuwa anatunga wimbo kuhusu mlipuko, alisema, wimbo mrefu, wenye magitaa na ngoma, na mwisho wake alitaka bendi ya Thornlaw. Uliitwa "Usiku wa Mashujaa." Akausoma ubeti wa kwanza. Giza, nyota, mashujaa wamelala kwenye kifua cha usiku.

Gazeti likashuka. "Usiku gani?"

"Ni usiku wa... ni usiku wa kishairi tu, Mwalimu."

"Wa kishairi! Baba yangu alikufa asubuhi. Saa tatu na dakika kumi. Jua linawaka, mama ameanika mashuka. Walikuwa ndiyo kwanza wamekaa kula mkate. Nyota umeziona wapi wewe?"

"Sawa, Mwalimu, nitabadilisha..."

"Na hao mashujaa ni kina nani?"

Keith akababaika. "Si wao?"

"Wao? Ned Raine alikuwa shujaa? Ned alikuwa akiogopa bata wa mama mkwe wake! Muulize yeyote! Alikwenda kazini kwa sababu ilikuwa Jumanne. Wakubwa waliambiwa kuna gesi, wakasema chimbeni. Hiyo ndiyo habari, kijana. Ukimwita shujaa, maana yake amekufa kwa kupenda, hakuna aliyemuua. Andika walikuwa wanakula mkate. Andika waliambiwa chimbeni."

Mluzi wa kifua ulikuwa umeanza, na Hetty akamwekea mkono begani. Keith alikuwa mwekundu mpaka masikioni. Alichukua kalamu akakata jina la wimbo, akaandika juu yake, "Saa Tatu na Dakika Kumi."

Siku tatu zilizofuata alikaa ukumbini kwenye piano, akatunga upya neno kwa neno, na Cuthbert alikuwa akipita pale mara kwa mara kutafuta kofia ambayo ilikuwa kichwani mwake. Siku ya tatu aliketi kando ya piano na Ned mapajani. Keith alipofika mwisho wa wimbo, pale maneno yanapokwisha, Cuthbert akapuliza sauti chache, zinapanda polepole, kama bendi inavyopiga siku ya kumbukumbu tunapoteremka mtaa na bendera ya chama cha wachimbaji. Keith aliinua mikono kutoka kwenye piano akakaa hivyo.

"Hapo," alisema. "Mwalimu, hapo hapo. Niandikie hizo za bendi nzima."

Cuthbert aliziandika kwenye meza ya jikoni, wiki mbili, kwa kalamu ya risasi, akifuta na kuandika. Hetty anasema hakuwahi kumwona amefurahi vile tangu liki yake ilipochukua zawadi ya kwanza. Aliandika kwa ajili ya matarumbeta ishirini na manne, ingawa wapigaji waliobaki Thornlaw walikuwa kumi na wanne tu.

Keith na wenzake walirekodi magitaa, ngoma na sauti yake huko London. Kazi ya wiki tatu. Mwezi Juni lori la kurekodia likaja Thornlaw, nyaya zikapitishwa dirishani, na ndani ya koti la mahameli akashuka Bwana Adrian Pell, mtayarishaji wao. Mtu huyu alionyesha wazi mbele yetu kwamba amekuja porini. Alivua koti lake akalitupa kwenye kiti. Kiti kilikuwa na tarumbeta.

"Ondoa koti lako usoni mwa mtu," alisema Cuthbert.

Bwana Pell akacheka, akidhani ni mzaha. Alipoona hakuna mwingine anayecheka, aliliondoa.

Mpango ulikuwa rahisi. Kanda ya London itapigwa kwenye spika, bendi isikilize, ikifika mahali pake iingie juu yake. Watu kumi na wanne walikaa, wamenyoa, wamevaa makoti ya bendi yenye vifungo vya shaba. Kina mama walijaa nyuma ya ukumbi. Kanda ikaanza. Sauti ya Keith ilijaza ukumbi ikisema habari za mkate na jua, na mama mmoja pale nyuma akajifuta macho. Cuthbert akainua nyusi. Bendi ikaingia.

Jamani, ilikuwa mbaya. Tusidanganyane. Ilikuwa kisu kinakwaruza sahani. Bendi yenyewe ilikuwa safi, magitaa yenyewe yalikuwa safi, lakini vikikutana meno yanakufa ganzi. Cuthbert alisimamisha. Wakarudia. Ikawa vilevile. Wakarudia tena.

Bwana Pell alitoka kwenye lori akakaa mbele yao amefumbata mikono, uso wa huruma ya kununua. "Mabwana zangu, samahani sana. Kuna mtu anapiga kombo."

"Nani?" akauliza Cuthbert.

"Kwa kweli... ninyi nyote."

"Sote!" Cuthbert akasimama na Ned mkononi. "Watu kumi na wanne tumekosea pamoja, tena sawasawa, mara tatu? Ukiona watu kumi na wanne wamekosea sawasawa hivyo, baba, jiangalie wewe!"

Akaenda kwenye piano, akabonyeza kwa nguvu kwa kidole kimoja, akapuliza Ned. Sauti moja, hakuna mwanya. "Haya! Kombo iko wapi?"

"Basi piano nayo imeharibika," alisema Bwana Pell.

"Na kengele ya kanisa je?" Tot Hindmarsh, mpiga tarumbeta wa pili, alidakia. "Na paka wangu? Naye ameharibika?"

Ukumbi ukaangua kicheko. Keith peke yake hakucheka. Alikuwa amesimama karibu na piano, amekuwa mweupe.

"Adrian," alisema. "Ni mimi. Wimbo niliutunga hapa, kwenye piano hii. Iko juu. Hapa kila kitu kiko juu. Kule London nilipouimba niliona umeshuka kidogo, nikadhani nina mafua."

Mtu aliyezaliwa Thornlaw ndiye peke yake angeweza kukosea hivyo. Keith alikuwa ameishi na magitaa miaka minane, akajua London kuna sauti nyingine. Asijue kabisa kwamba ya kwao ndiyo iliyo peke yake.

Bwana Pell alitaka wavute mabomba ya matarumbeta nje ili sauti zishuke. Wakavuta. Wakavuta mpaka bomba la Tot likaanguka likabingiria chini ya viti. Sauti moja ilikaa sawa, zile nyingine zote zikaenda upogo, maana tarumbeta halikutengenezwa kuchezewa hivyo. Ndipo Bwana Pell akamshika Keith mkono, akamvuta pembeni. Lakini ukumbi wetu ulijengwa na watu wanaojua kusikilizana, na kila neno lilifika.

"Keith, hakuna haja ya kuteseka. Nina watu wangu London, wapiga tarumbeta safi. Nitawapa makaratasi ya mzee, nusu siku wamemaliza. Hawa tutawashukuru. Tutawapiga picha nzuri tuiweke kwenye jalada."

"Picha!" Cuthbert alifoka. Mluzi ulisikika mpaka nyuma. "Watupige picha, halafu wengine wapulize! Tushike matarumbeta tu, kama wanasesere dukani! Hivi wewe bwana unajua uko wapi? Watu hawa waliambiwa chimbeni, wakachimba. Wakafa, wakaambiwa haya, tutawajengea sanamu. Mgodi ukafungwa, tukaambiwa asanteni, nendeni nyumbani. Leo wimbo ni wao, mkate ni wao, saa ni yao, na bado unataka wanyamaze! Wanyamaze kwa sababu gitaa lako haliwezi kupanda!"

"Mzee, ni suala la kiufundi tu..."

"Mimi si mzee wako."

Alikwenda safu ya mbele. Kwenye kiti cha mwisho alilala Joseph, bila mpigaji tangu Keith alipoondoka. Cuthbert alimchukua kwa mikono miwili akamwekea Keith mikononi.

"Mwambie," alisema. "Usiniambie mimi. Mwambie babu yako kwamba anapiga kombo. Mwambie London hawamtaki. Jina lake si hilo hapo? Lisome kwanza, halafu mwambie."

Keith aliligeuza tarumbeta mdomo juu. Jina lilikuwa limeanza kufutika kwa miaka ya kupanguswa. Keith alitoka nje na Joseph, akaketi kwenye ngazi za ukumbi, juani.

Hapo Cuthbert alikaa kwenye kiti chake, akaogopa. Hakuwahi kumwambia mtu, ila Hetty alijua. Kama kijana angerudi akasema samahani Mwalimu, basi ilikuwa imekwisha: bendi ya Thornlaw isingepata tena nafasi ya kusikika nje ya kijiji, ng'ambo ya daraja la reli. Wapigaji kumi na wanne, na wawili kati yao wana vifua kama chake. Miaka mitano, pengine sita. Baada ya hapo majina ishirini na manne yangekuwa kwenye kabati.

Hetty alitoka nje na kikombe cha chai. Aliketi ngazi moja juu ya Keith, akavuta sketi yake magotini.

"Yule bwana wa London usimwonee haya," alisema. "Atapanda treni ya saa kumi na moja. Sisi utatukuta makaburini kwa mama yako kila mwaka. Kunywa, inapoa."

Keith alikunywa yote. Kisha aliingia ndani, akamlaza Joseph kwenye kiti chake polepole, akamgeukia Bwana Pell.

"Zima kanda ile."

"Nizime vipi? Ni kazi ya wiki tatu!"

"Tunarekodi upya. Hapa. Wote pamoja."

"Keith, una wazimu? Redio zitadhani santuri imeharibika!"

"Zidhani," alisema Cuthbert.

Keith alichukua gitaa akaja kusimama mbele ya kiti cha mwalimu wake, kama alivyosimama akiwa na miaka tisa. "Mwalimu," alisema, "nipe sauti."

Cuthbert alivuta pumzi, mluzi na yote, akapuliza. Keith akaanza kukaza nyuzi. Akakaza moja, akasikiliza. Cuthbert akatikisa kichwa. Akakaza tena. Uzi mwembamba ulikatika ukamchapa shavuni, damu kidogo ikatoka, na Tot akasema, "Karibu nyumbani." Akafunga mwingine. Wenzake nao wakakaza wakinung'unika, isipokuwa mpiga ngoma, ambaye alisema yeye hana ugomvi na mtu na akaomba kipande kingine cha keki.

Mara ya kwanza waliharibu. Mara ya pili mbwa alibweka nje. Mara ya tatu wimbo ulikwenda wote, kutoka Keith akiwa peke yake na gitaa mpaka ngoma, mpaka kelele, mpaka pale maneno yanapokwisha na nyusi za Cuthbert zikainuka. Basi bendi ikaingia, na safari hii hapakuwa na mwanya. Viti vilitetemeka. Cuthbert aliishika sauti ya mwisho mpaka uso ukawa wa zambarau, akaishika bado, na alipoiachia kifua chake kikapiga mluzi mrefu ndani ya ukumbi uliokuwa kimya.

Bwana Pell alitoka kwenye lori akiwa amebadilika kidogo, hilo tumpe. "Ni nzuri," alisema. "Nzuri sana. Huo mluzi wa mwisho nitaukata."

"Uache," alisema Cuthbert. "Na huo umetoka mgodini."

Ukaachwa. Sikiliza santuri yoyote, mwisho kabisa, utausikia.

Wimbo ulitoka Septemba ukapigwa mpaka tukachoka sisi wenyewe. Na gazeti la London likaandika kwamba ni kazi kubwa, isipokuwa bendi ya kijiji, ambayo inapiga kombo kwa namna ya kupendeza. Namna ya kupendeza! Hiyo ndiyo iliyovunja kikombe. Cuthbert aliandika barua kurasa saba, akaeleza mwanzo mpaka mwisho, akataja majina yote ishirini na manne. Haikuchapishwa. Akaandika nyingine. Wakamjibu kwa kadi iliyopigwa chapa kwamba wanashukuru kwa maoni yake.

Wapigaji walipungua kama alivyojua. Mwaka 1976 ukumbi ulibomolewa. Vijana wa kampuni ya ubomoaji waliivunja piano kwa nyundo palepale barabarani, wakicheka kila uzi ulipokatika, na Cuthbert alisimama na kofia mkononi mpaka wakamaliza. Hakupiga kelele siku ile, na hilo ndilo lililotutisha. Matarumbeta yalichukuliwa makumbusho, yakawekwa kwenye kabati la kioo na kibao, "Usiguse." Yalipelekwa ishirini na matatu. Wakubwa wa makumbusho waliuliza la ishirini na nne liko wapi, wakaambiwa limepotea. Ned alikuwa chini ya kitanda, kwenye blanketi.

Siku moja ya mwaka 1979 Cuthbert alikwenda Newcastle kununua mafuta ya kumpaka Ned, kwenye duka la vyombo vya muziki. Alikuwa na miaka sitini na saba, anatembea hatua kumi anapumzika. Ndani alikuta mwanamume mmoja wa makamo amevaa koti la posta, amekaa kwenye kigoda na gitaa, na pembeni santuri inazunguka. Ulikuwa wimbo wetu. Mtu yule alikuwa akijaribu kuufuata, na magitaa mawili, lake na la Keith, yalikuwa yanakwaruzana.

"Santuri mbovu hii," mwenye duka alimwambia Cuthbert, akimfungia mafuta. "Kila wiki napata mmoja. Wanaleta gitaa, wanasema limeharibika. Gitaa ni zima! Ni bendi ile ya wazee waliopiga kombo. Wote wanaoufuata wimbo inabidi wakaze nyuzi, hata hao wa Amerika, nimesikia."

Cuthbert alikuwa amekwisha kufungua mdomo. Uso ulikuwa umewiva, kidole kiko juu, na maneno ya kurasa saba yalikuwa tayari kutoka. Lakini yule mtu wa posta aliinama sikio kwenye gitaa, akashika kigingi cha uzi, akakikaza. Akapiga. Akakikaza kidogo tena. Piano ilikuwa imevunjwa, ukumbi hakuna, Joseph na wenzake wako nyuma ya kioo, na mtu asiyejua hata Thornlaw iko wapi alikuwa anapanda, robo kwa robo, kuifuata sauti yao.

Cuthbert alikishusha kidole. Alisogea mpaka kwenye kigoda, mluzi unamtangulia, akainama asikilize naye.

"Nimefika?" yule mtu aliuliza, bila kuinua macho.

"Bado," alisema Cuthbert. "Panda kidogo, mwanangu. Hujamfikia Ned."

Yule mtu hakujua Ned ni nani, lakini alikaza.